Mashujaa watatu na chambo cha ndoa

MTAJIE mwanafunzi wa Buruburu, Umoja au Dandora jina la Achilles, naye atakusimulia habari za kisigino kabla hujamaliza swali. Huenda alizisikia darasani, au aliziona katika filamu ya Troy ya mwaka 2004 ambamo Brad Pitt aliigiza shujaa huyo. Hata asiyejua lolote kuhusu Wagiriki wa kale huenda amevaa jina lao miguuni: viatu vya Nike vinavyouzwa Gikomba vina jina la mungu wao wa kike wa ushindi.

Lakini hapa kwetu Kenya tuna mashujaa wawili ambao ni kama ndugu wa Achilles, nao ni Fumo Liyongo wa pwani na Luanda Magere wa Kano. Aghalabu wasimulizi hufunga hadithi za wawili hawa kwa methali moja: kikulacho ki nguoni mwako. Hata hivyo, ukiziweka hadithi zote tatu pamoja, utaona jambo ambalo methali hiyo hailisemi. Adui aliposhindwa kwa mkuki na mshale, alitumia ndoa.

Miili isiyodhurika

Inasimuliwa kwamba Thetis, mungu wa kike wa bahari, alimtumbukiza mwanawe Achilles katika Styx, mto wa kuzimu, ili silaha yoyote isimdhuru. Alimshika kwa kisigino, na hapo maji hayakufika. Kisa hicho hakimo katika Iliad ya Homer. Tunakipata kwa Statius, mshairi wa Roma wa karne ya kwanza.

Fumo Liyongo, ambaye Muhamadi Kijumwa wa Lamu aliandika utenzi wake mwaka 1913, hakuweza kuuawa ila kwa sindano ya shaba iliyochomwa kitovuni. Luanda Magere wa ukoo wa Sidho naye alikuwa na mwili mgumu kama jiwe. Lwanda kwa Kijaluo ni mwamba. Mikuki ilimgonga ikaanguka, kwa kuwa uhai wake ulikuwa kivulini.

Je, siri hizo zilifichukaje?

Harusi zenye mtego

Wanandi walichoka kushindwa vitani na Luanda. Wazee wao wakamtolea msichana mrembo awe mkewe, eti ishara ya amani. Inasemekana wazee wa Kano walimwonya, asisikie. Siku moja aliugua, akamwomba bibi huyo amchanje chale ampake dawa. Kisu kilikataa kuingia. Ndipo Luanda akamwambia achanje kivuli, na damu ikatoka. Usiku bibi akatorokea kwao na habari hiyo. Vita vilipoanza tena, mkuki ulirushwa kivulini, shujaa akaanguka na kugeuka jiwe. Jiwe linaloitwa kwa jina lake lipo Kano, katika Kaunti ya Kisumu, hadi leo.

Huko pwani, mfalme wa Pate alimwogopa Liyongo asije akamnyang'anya kiti. Alimwita mwana wa Liyongo, akamwahidi kumwoza binti yake iwapo angeichunguza siri ya babake. Kijana akauliza, baba akamwambia. Akachomwa sindano akiwa usingizini. Liyongo aliamka, akachukua uta wake, akaenda kupiga goti kisimani akiwa ameutega mshale, akafa vivyo hivyo. Watu waliogopa kuteka maji kwa siku kadhaa wakidhani yu hai. Mwanawe hakupata alichoahidiwa. Wazazi wengi wa leo watakikumbuka kisa hiki kupitia tamthilia ya Kifo Kisimani ya Kithaka wa Mberia, waliyoisoma sekondari.

Na Achilles? Masimulizi yaliyokuja baada ya Homer yanasema alimpenda Polyxena, binti wa mfalme Priam wa Troy, yaani binti wa adui. Akaitwa katika hekalu la Apollo ili ndoa ikubaliwe. Huko ndiko Paris, kaka yake msichana huyo, alikomlenga mshale.

Msichana hakuulizwa

Sasa turudi kwenye methali. Ni nani hasa aliyekula akiwa nguoni? Msichana wa Kinandi hakujipeleka Kano. Wazee ndio waliomtoa, wakamlaza katika nyumba ya mtu aliyewaua ndugu zake, kisha wakamngoja alete habari. Katika masimulizi mengi ya mdomo hana hata jina. Kwa Wajaluo yeye ni msaliti. Kwa watu wake aliokoa vijana ambao wangekufa vitani. Binti wa mfalme wa Pate aliahidiwa mtu kama zawadi ya mauaji. Polyxena aliteseka kuliko wote, kwani Troy ilipoanguka, Wagiriki walimchinja juu ya kaburi la Achilles.

Haya si mambo ya kale tu. Mitaa ya Eastlands ni ya mchanganyiko. Katika ploti moja ya Kayole au Kariobangi utampata mume Mjaluo na mke Mkalenjin, na mlango wa pili Mkamba aliyeoa Mkikuyu. Watoto wao hucheza pamoja na kuzungumza Sheng moja. Hadithi ya Luanda ikisimuliwa vibaya mbele ya watoto hao huwa onyo la kikabila: usioe kwao, watakuua. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, watu zaidi ya 1,100 walipouawa nchini, wanandoa wa makabila tofauti walijikuta wakiulizwa wako upande gani, tena na jamaa zao wenyewe.

Ikisimuliwa vizuri, hadithi hiyo hiyo huonya jambo jingine. Huwaonya wazee wanaomtuma mtoto wao katika nyumba ya ndoa kama askari, na wakwe wanaompokea bibi arusi kama mpelelezi kabla hata hajatua mzigo.

Waandishi wetu wameona kwamba hadithi hizi bado zina kazi. Okiya Omtatah Okoiti, aliyechaguliwa seneta wa Busia mwaka 2022, alikuwa amechapisha tamthilia ya Lwanda Magere tangu 1991. Mzazi asiye na vitabu anaweza kuanza na hadithi aliyoisikia kwa nyanya yake. Akifika mahali ambapo msichana anapelekwa Kano, asimame kidogo awaulize watoto: mnadhani alikuwa akiwaza nini njiani? Watoto wa Eastlands, ambao wengi wana mama wa kabila moja na baba wa kabila lingine, hawatakosa jibu.