Hutaga mayai na kunyonyesha: Wanyama waliowagawanya wataalamu kwa miaka 85

MWANAFUNZI wa shule ya msingi akiulizwa mamalia ni nini, hujibu bila kusita kwamba ni mnyama anayezaa na kunyonyesha. Jibu hilo linatosha kwa ng'ombe, ndovu, popo na hata nyangumi. Haliwatoshi wanyama wa aina tano wanaopatikana Australia na katika kisiwa cha New Guinea, ambao hutaga mayai kisha huwanyonyesha watoto wanaoanguliwa.

Mmoja wao ni platipasi, mnyama wa mitoni mwenye manyoya mazito, mkia bapa, mdomo kama wa bata na utando baina ya vidole. Dume ana kipi chenye sumu katika kila mguu wa nyuma, mfano wa vipi vya jogoo. Aina nne zilizosalia ni za ekidna, ambaye ana miiba mgongoni na mdomo mwembamba. Ekidna wa mdomo mfupi hula mchwa na chungu, ilhali wale watatu wa mdomo mrefu hutegemea zaidi minyoo ya ardhini.

Anayemwona ekidna kwa mara ya kwanza huenda akadhani ni jamaa wa nungunungu. Sivyo. Kwa ukoo, nungunungu yuko karibu zaidi na binadamu kuliko alivyo karibu na ekidna. Miiba ni silaha tu, na kila ukoo ulijitengenezea yake.

Ngozi ya platipasi ilipowasili Uingereza mwishoni mwa karne ya 18, mtaalamu George Shaw, aliyeandika maelezo yake ya kwanza ya kisayansi mnamo 1799, alishuku kuwa mtu mjanja alikuwa ameshona mdomo wa bata kwenye ngozi ya mnyama mwingine. Shaka hiyo iliondoka upesi. Iliyobaki ilikuwa ngumu zaidi: mnyama huyu awekwe katika kundi gani?

Mfaransa Étienne Geoffroy Saint-Hilaire aligundua kwamba mkojo, kinyesi na uzazi hupitia tundu moja, jinsi ilivyo kwa ndege na mijusi. Mnamo 1803 alilipa kundi hilo jina la Monotremata, yaani wenye tundu moja, naye akashikilia kuwa hawakuwa mamalia. Mwenzake, Lamarck, alipendekeza wapewe ngeli yao wenyewe. Katika miaka ya 1820, Mjerumani Johann Meckel alieleza kwamba platipasi jike ana tezi za maziwa. Geoffroy alikataa katakata kuziita tezi hizo za maziwa, kwa kuwa hazina chuchu. Naye Mwingereza Richard Owen alikubali maziwa lakini akayakana mayai, akidai kuwa yai huanguliwa likiwa bado tumboni mwa mama.

Inafaa kukumbukwa kuwa wenyeji asilia wa Australia walikuwa wamewaeleza wageni kwamba mnyama huyo hutaga. Ushahidi wao haukuthaminiwa. Ilibidi kungoja hadi 1884, wakati Mwingereza William Caldwell, akisaidiwa na wenyeji hao hao, alipompata platipasi jike kwenye mto Burnett, Queensland. Jike huyo alikuwa ametaga yai moja na la pili lilikuwa likikaribia kutoka. Caldwell alituma habari kwa simu ya maandishi hadi mkutano wa wanasayansi mjini Montreal, Canada. Habari hizo zilisomwa Septemba 2, siku ile ile ambayo Wilhelm Haacke aliwaonyesha wenzake wa Adelaide ganda la yai alilolitoa katika mfuko wa ekidna.

Basi kila upande ulikuwa na nusu ya ukweli. Kosa la wote lilikuwa kudhani kwamba yai na maziwa haviwezi kukaa nyumba moja. Nadharia ya mageuzi inaonyesha vinginevyo: kutaga ni urithi wa kale uliotoka kwa mababu wa mamalia wote, na maziwa yalianza kabla ya urithi huo kuachwa. Platipasi na ekidna walijitenga na mamalia wengine zaidi ya miaka milioni 160 iliyopita, kabla ya ukoo wetu kuanza kuzaa.

Chembe za urithi za platipasi, zilizochapishwa mnamo 2008, ziliunga mkono jambo hilo. Ndani yake mna vinasaba vya protini za maziwa, kama alivyo navyo ng'ombe, na pia mabaki ya vinasaba vya kutengeneza kiini cha yai, kama alivyo navyo kuku. Maziwa yenyewe huchuruzika juu ya ngozi ya tumbo na mtoto huyalamba.

Hata hivyo, ni makosa kumwita platipasi babu yetu. Ni binamu wa mbali, naye amebadilika kwa njia zake. Mdomo wake una maelfu ya vihisio vinavyonasa umeme hafifu wa misuli ya kamba na wadudu, hivyo huwinda akiwa amefumba macho.

Zamani ukoo huu ulienea zaidi. Taya la Steropodon, lililogeuka jiwe la thamani la opali, lilipatikana Lightning Ridge, Australia, nalo lina umri wa takriban miaka milioni 100. Meno ya jamaa zao yamefukuliwa pia Patagonia, Argentina, ishara kwamba walienea wakati Australia, Antaktika na Amerika Kusini zilikuwa bado zimeungana.

Waliosalia ni wachache. Ekidna wa mdomo mrefu aliyepewa jina la mtangazaji David Attenborough alijulikana kwa wanasayansi kupitia mfano mmoja tu, uliokusanywa mnamo 1961 katika milima ya Cyclops, Papua, nchini Indonesia. Kwa zaidi ya miaka 60 hakuna mtaalamu aliyethibitisha kuwa angali hai, hadi 2023 kamera zilizotegwa msituni humo zilipompiga picha akijipitia.