Je, Wajua? Spana Yaweza Kugeuka Waya
Volti 12 za betri ya gari hazikupigi shoti, lakini zaweza kuchoma spana ikawa nyekundu. Ndiyo maana fundi makini wa jua kali mjini Machakos anapotoa betri huanza kufungua waya wa hasi. Bodi nzima ya matatu imeungwa na hasi. Ukitangulia na chanya, spana ikagusa bodi, mamia ya ampea hupita humo papo hapo. Hasi ikishatoka, gusa bodi utakavyo. Kurudisha ni kinyume: chanya kwanza, hasi mwisho. Utasema cheche ya spana ikigusa bodi ni ndogo tu. Sawa, ila betri iliyotoka kuchajiwa hutoa hidrojeni, na gesi hiyo haingoji cheche kubwa. Kioja ni Land Rover za miaka ya 1950: bodi iliungwa na chanya, kwa hiyo chanya ndiyo iliyotangulia kufunguliwa!