Amri ya Muda Nayo ni Amri

Wasomaji wetu wa Jangwani na Kariakoo wajua jinsi ugomvi wa nyumba unavyokata udugu. Mzee hufariki akaacha nyumba ya vyumba sita. Mrithi mmoja huleta dalali, wa pili hukimbilia mahakamani, na kabla shauri halijasikizwa hutoka amri ya muda: nyumba isiuzwe, isivunjwe, mpangaji asitolewe. Hapo ndipo twasikia neno la hatari: "Hiyo ni karatasi tu, kesi bado."

Neno hilo si kweli. Amri ya muda haisemi nani mwenye haki. Yataka tu mali ikae kama ilivyo mpaka pande zote mbili zisikizwe. Sharti zake zilielezwa katika shauri la Atilio na Mbowe la mwaka 1969, nazo hufuatwa hata leo: pawe na hoja nzito ya kuamuliwa, pawe na hasara isiyofidika baadaye, na shida ya mwombaji akinyimwa iwe kubwa kuliko ya mwenzake akizuiwa. Nyumba ikishavunjwa, hukumu itarudisha nini? Maji yakimwagika hayazoleki.

Sheria ya Mwenendo wa Madai, sura ya 33, yaipa mahakama uwezo juu ya mwasi: mali yake ikamatwe, naye azuiliwe kama mfungwa wa madai kwa muda usiozidi miezi 6. Basi mtu aweza kuwa na haki, akafungwa kwa ajili ya nyumba yake mwenyewe.

Bondeni kwetu tuliiona faida ya amri hizi. Desemba 2015 nyumba za Bonde la Msimbazi zilianza kubomolewa, kwa kuchelea mafuriko kama yale ya Desemba 2011 yaliyoua watu wapatao 40. Januari 2016 Mahakama Kuu, Divisheni ya Ardhi, ilizuia kwa muda ubomoaji wa nyumba za waliofungua shauri. Amri ile haikuwapa ardhi. Miaka ya baadaye wengi wa bonde hilo walilipwa fidia wakahama. Iliwapa nafasi ya kusikizwa. Nasi tuliotaka serikali iiheshimu amri ile, kwa uso gani tutaivunja iliyotolewa baina yetu na ndugu zetu?

Aonaye kwamba amri imemdhulumu asiivunje. Arudi mahakamani aombe iondolewe au ibadilishwe. Naye aliyeipata asilale: haipiti miezi 6 isipoongezwa, wala jumla yake haizidi mwaka 1. Ahakikishe mwenzake amefikishiwa nakala, na dalali na fundi wameambiwa.

Dini yetu yamkataza kadhi kuhukumu kabla hajawasikiza wote wawili. Avunjaye nyumba kabla ya hukumu amejifanya mdai na hakimu pamoja, na ndugu yake hakupata hata nafasi ya kusema.