Lango la Lugalo Linasimulia

Vuta kigoda, mpwa wangu. Umeniuliza kambi ya jeshi ni nini. Swali zuri hilo!

Hapa kwetu Shinyanga unawajua sungusungu. Yowe likipigwa usiku, wanatoka. Kijiji kina walinzi wake. Na nchi je? Nchi nayo ni ua mkubwa, ina walinzi wake. Wanapolala, wanapopika, wanapofanya gwaride na kutunza silaha, hapo ndipo kambini.

"Mjomba, kambi inaweza kusema?"

Lango lake linaweza. Sikiliza.

"Mimi ni lango la Lugalo, Dar es Salaam, kando ya barabara ya Bagamoyo. Zamani niliitwa Colito. Colito ni mahali kule Ethiopia. Mwaka 1941 askari wetu walipigana huko na Waitaliano, chini ya maofisa Waingereza. Uhuru ukaja 1961. Mimi bado Colito! Na maofisa wengi bado Waingereza!"

"Kwa nini, Mjomba?"

Chungu kilikuwa chetu, mwiko bado ulikuwa mkononi mwa mgeni.

"Usiku wa kuamkia tarehe 20 Januari 1964, askari wakaasi. Wakawafungia maofisa wao. Walitaka mshahara zaidi. Walitaka maofisa Waafrika. Kesho yake wakaasi na wenzao wa kambi ya Kalewa, Tabora."

Tabora! Jirani zetu hapa. Rais wetu, Mwalimu Nyerere, akalazimika kuwaomba msaada Waingereza walewale. Tarehe 25 makomando wakashuka kwa helikopta, maasi yakaisha.

"Askari walikosea, Mjomba?"

Kudai mshahara si kosa. Lakini mlinzi akielekeza mishale ndani ya ua, watoto watalala wapi?

"Jeshi lile likavunjwa. Tarehe 1 Septemba 1964 likazaliwa Jeshi la Wananchi wa Tanzania. Nami nikapewa jina jipya, Lugalo. Ni mahali Uhehe, Iringa. Tarehe 17 Agosti 1891, wapiganaji wa Mkwawa, mtemi wa Wahehe, walilishinda hapo jeshi la Wajerumani."

Na Tabora leo kuna kambi ya Mirambo, yule mtemi wa Urambo. Majina ya nyumbani, umeona?

Lugalo kuna hospitali pia, na raia hutibiwa humo. Siku ukipita na basi, lipungie lango mkono. Picha usipige, mpwa wangu. Kambini hairuhusiwi.