Joyce Ndalichako, Mtahini Aliyekuwa Waziri

Huku Bangwe, kwenye rasi iliyo kusini mwa ghuba ya Kigoma, siku ya kutangazwa matokeo ya kidato cha nne haipiti kimya: kijana huja mbio hadi ufukoni Katonga na simu mkononi, na mama aliyekuwa akigeuza dagaa juani huacha kazi, akafuta mikono kwa kanga, akauliza, "Mwanangu kapata divisheni ngapi?" Jibu la swali hilo hutayarishwa Dar es Salaam, katika Baraza la Mitihani la Taifa, na tangu mwaka 2005 hadi 2014 aliyekuwa Katibu Mtendaji wa Baraza hilo ni mwanamke ambaye baadaye mkoa wetu wa Kigoma ulimpeleka Bungeni, naye ni Profesa Joyce Lazaro Ndalichako.

Si siasa iliyomlea. Alisoma hisabati na ualimu katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, kisha akaenda Chuo Kikuu cha Alberta, Kanada, akatunukiwa shahada ya uzamivu. Na mwaka 1997 yeye na mwenzake W. Todd Rogers walichapisha utafiti uliolinganisha nadharia tatu za kutoa alama katika maswali ya kuchagua jibu, yale ambayo mjuzi na mwenye kubahatisha huweza kutia alama mahali pamoja, ilhali mmoja anajua na mwingine hajui. Nautaja utafiti huo kwa sababu ndani yake naiona tabia ya kazi yake yote, yaani kutaka alama iseme kweli.

Kweli hiyo ilimpa mtihani mzito kuliko yote aliyowahi kuwatungia wengine. Matokeo ya mwaka 2012, yaliyotangazwa Februari 2013, yalionyesha kwamba zaidi ya watahiniwa 240,000, yaani takriban asilimia 60, wamepata divisheni sifuri. Nchi nzima ikapatwa na fadhaa. Waziri Mkuu Mizengo Pinda akaunda tume, na Mei mwaka huo serikali ikayafuta matokeo yale na kuamuru yapangwe upya kwa utaratibu wa mwaka uliotangulia. Hoja ilikuwa kwamba Baraza lilikuwa limeweka viwango vya alama visivyobadilika, mahali pa ule utaratibu wa zamani ambao viwango huweza kusogezwa kulingana na hali ya watahiniwa wa mwaka ule, na kwamba badiliko hilo halikushauriwa vya kutosha. Hapo ni haki kusema kwamba mtoto aliyeingia darasani kwa kanuni moja asipimwe kwa kanuni nyingine pasipo kuonywa. Lakini ni insafu pia kusema kwamba kusogeza kipimo hakumfundishi mtoto asiyekuwa na mwalimu wa fizikia, na kwamba sifuri zile, pamoja na uchungu wake, zilibainisha maradhi yaliyokuwa shuleni kabla karatasi haijafika kwa msahihishaji. Mwaka uliofuata Ndalichako aliondoka katika Baraza.

Desemba 2015 Rais John Magufuli alimteua kuwa Mbunge na kumkabidhi Wizara ya Elimu. Haikuwa ajabu tena mwanamke kuwa waziri, kwani Tabitha Siwale na Julie Manning walikuwa wamekwisha kuingia katika Baraza la Mawaziri tangu mwaka 1975. Jambo adimu ni waziri kukabidhiwa kazi aliyoisomea hasa. Mapema mwaka 2016 mpango wa wastani wa alama, uliokuwa umeletwa baada yake, uliondolewa, na zikarudishwa divisheni ambazo mzazi yeyote anazielewa. Mwaka huo huo elimu bila ada ilianza, madarasa yakafurika, na wizara ikalemewa na neema yake yenyewe.

Mwaka 2020 alisimama Kasulu Mjini kwa tiketi ya CCM, akachaguliwa. Watu wa Kasulu hawakuhitaji kufundishwa kumheshimu mwanamke mwenye madaraka, maana Mwami Theresa Ntare aliwatawala Waha wa Heru, yaani wa eneo hilo hilo, kabla ya uhuru.

Jambo ambalo mimi naliweka juu ya mengine yote lilikuja tarehe 24 Novemba 2021. Tangu Juni 2017, Rais Magufuli aliposema hadharani kwamba binti aliyepata mimba hatarudi shule ya serikali, maelfu ya wasichana walikuwa wamefungiwa mlango, na Ndalichako, akiwa waziri kwa muda wote huo, hana budi kubeba sehemu yake ya dhamana. Chini ya Rais Samia Suluhu Hassan msimamo ulibadilika, na ni Ndalichako huyo huyo aliyesimama mbele ya taifa akatangaza kwamba mwanafunzi aliyeacha masomo kwa sababu ya ujauzito ataruhusiwa kurejea katika shule rasmi baada ya kujifungua.

Wiki chache baadaye, Januari 2022, alihamishiwa Ofisi ya Waziri Mkuu kushughulikia kazi, vijana, ajira na watu wenye ulemavu, mpaka alipotoka katika Baraza la Mawaziri mwaka 2024. Mwongozo uliofuata tangazo lake ulimpa binti miaka miwili ya kurejea. Kwa aliye mjini, ambaye mama yake yu tayari kulea mjukuu, huenda muda huo unatosha. Lakini kwa binti wa mwambao huu, ambaye shule yake iko mbali na nyumba, na ambaye hana budi kutafuta maziwa ya mtoto kabla ya kutafuta daftari, miaka miwili hupita angali yuko kwenye dagaa, nami naisihi Wizara ya Elimu iuondoe mpaka huo.