Bibi Anapokuwa Mtuhumiwa

Hebu chukua mfano huu. Wewe ni mfanyakazi wa kiwanda Dar es Salaam. Mkeo amejifungua mtoto wa kike, naye amekwenda kwenu Singida ili mama yako amsaidie kulea. Siku ya kumpima mtoto uzito kliniki, muuguzi anamfunua nepi, ananyamaza kidogo, kisha anamwuliza mkeo swali moja tu. Mtoto amekeketwa. Habari inakufikia ukiwa zamu. Je, utataka mama yako mzazi akamatwe?

Singida ni miongoni mwa mikoa ambamo mila hii ina mizizi mirefu. Uchunguzi wa kitaifa wa afya wa mwaka 2015-16 ulionyesha kwamba asilimia 31 ya wanawake wa mkoa huo wenye umri wa miaka 15 hadi 49 walikuwa wamekeketwa, wakati kwa nchi nzima ilikuwa asilimia 10. Mwaka 1998 Bunge lilipiga marufuku kuwakeketa walio chini ya miaka 18. Lakini kisu hakikutupwa. Katika baadhi ya familia kilihamia chumbani, kwa watoto wachanga wasioweza kusema. Wengine husingizia lawalawa, maambukizo ya sehemu za siri ambayo usafi na dawa za hospitali huyatibu.

Hapo kazi ya polisi huwa ngumu kuliko kumsaka mwizi wa ng'ombe. Ushahidi wote umo katika nyumba moja. Mlalamikaji ana wiki sita. Shahidi mkuu ni mama yake, ambaye huenda alikubali, au alifungiwa nje akilia. Na kwa kuwa Kanuni ya Adhabu inamlenga aliyekabidhiwa mtoto amtunze, mpelelezi anaweza kumkamata mama huyo siku hiyo hiyo. Mtoto anayenyonya ataingia naye mahabusu, au atabaki mikononi mwa bibi yule yule.

Habari za kukamatwa huko zitatangulia gari la polisi vijijini, na akina mama watauogopa mlango wa zahanati. Lakini ofisa akiona haya akaahirisha, wazee wa ukoo watakaa kikao, mbuzi atachinjwa, mama atabadili maelezo yake, na ngariba atahamia kijiji cha pili. Nami sifichi: huruma ya namna hii huwalinda watu wazima, si mtoto.

Zana za kisheria zipo. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inawezesha mtoto aliye hatarini kuwekwa mahali pa usalama, chini ya uangalizi wa ofisa ustawi wa jamii. Dawati la Jinsia na Watoto la polisi lilianzishwa ili mama kama huyu ahojiwe faraghani, si mbele ya kaunta. Hata Sheria ya Ushahidi, ambayo kwa kawaida haimlazimishi mke kutoa ushahidi dhidi ya mumewe, inaondoa kinga hiyo iwapo aliyedhurika ni mtoto wao. Kwa maoni yangu, mpelelezi mwenye busara angeanza na taarifa ya daktari, akamhamisha mama na mtoto kwa ndugu mwingine, ndipo amtafute ngariba.

Sheria ya mwaka 2015 ya kuwalinda watoa taarifa na mashahidi inaruhusu jina la mtoa habari lifichwe. Ni jambo jema. Ila kijijini, ambako kila mtu anajua ni nani aliyekwenda kliniki Jumanne, kulificha jina katika jalada ni nusu tu ya ulinzi.

Kisha ipo adhabu: kifungo cha miaka 5 hadi 15, au faini isiyozidi shilingi 300,000, au vyote viwili. Hakimu akitoza faini na ukoo ukachanga, bibi aweza kurudi kijijini jioni hiyo, ndani ya basi moja na mkwewe aliyesimama mahakamani kumtaja.