Nani alikuletea fundi huyu? Biashara ya kupendekezana katika ufundi wa maji Bukavu

Bukavu fundi wa maji hulipwa kabla kazi yake haijajulikana. Anakuja mchana tiyo likiwa kavu, anakata, anaunga, anafunga robine mpya, anapokea makuta yake na kuondoka. Maji ya Regideso, shirika la maji la serikali, yanafika saa nane za usiku, kama zamu ni ya mtaa huo, na hapo ndipo kiungo kinapimwa kwa mara ya kwanza. Ikiwa tefloni ilizungushwa kinyume na uzi, mwenye nyumba ataamka akikanyaga maji. Fundi wakati huo amelala kwake Cimpunda na simu yake imezimwa.

Ndiyo maana hapa watu wachache sana humwita fundi ambaye hakuna anayemjua. Kabla ya kuuliza bei, mama wa nyumba huuliza: huyu ametoka kwa nani? Jina la aliyempendekeza ndilo rehani pekee aliyo nayo hadi maji yaje.

Mji wenyewe unaikuza hatari. Bukavu imepanda vilima kutoka Ziwa Kivu, na kila mita kumi za kushuka huongeza karibu bar moja ya msukumo ndani ya tiyo. Nyumba iliyo mita 60 chini ya tangi hubeba karibu bar sita usiku, watu wengi wanapokuwa wamefunga robine zao, wakati jirani wa juu kilimani anasikia upepo tu. Katika komine ya Kadutu matiyo mengi yanapita juu ya ardhi, kutoka parsele hadi parsele, na mvua kubwa ikila udongo yanabaki yananing'inia. Fundi anayejua kazi huanza kwa kuuliza nyumba iko wapi kwenye kilima, kisha ndipo anachagua unene wa tiyo. Asiyejua hununua la bei rahisi kila mahali.

Basi nani anapendekeza, na analipwa nini? Mwashi humleta fundi wa maji kwenye jengo lake. Mwenye kenkayeri huko Nyawera au soko la Kadutu humtaja fundi kwa mteja aliyekuja kununua valvu, na fundi naye akileta mnunuzi hukuta kitu kimewekwa pembeni kwa ajili yake. Zamu, yaani mlinzi wa getini, ana namba za mafundi kwenye simu yake. Komisioneri aliyekupatia nyumba ya kupanga atakuletea pia wa kurekebisha choo. Kila mmoja anatazamia matabishi, na mara nyingi huyapata siku ile ile fundi anapolipwa.

Hapo ndipo ninapoona kasoro, na ni kubwa. Anayelipwa siku ya kwanza hana sababu ya kujali usiku wa pili. Na kwa kuwa mteja haambiwi habari za matabishi hayo, gharama inafichwa ndani ya bei ya vifaa: kiungo kimoja kinageuka vitatu, valvu ya shaba inaandikwa kwenye karatasi na ya bati iliyopakwa rangi ndiyo inayofungwa. Familia inayohesabu bidoni za maji kila juma inamlipa mpatanishi isiyemjua, kisha inamlipa fundi wa pili kuja kurekebisha kazi ya wa kwanza.

Kumlipa anayeleta mteja si dhambi. Mwaka 2011 watafiti Philipp Schmitt, Bernd Skiera na Christophe Van den Bulte walichapisha uchunguzi wa benki moja ya Ujerumani iliyokuwa ikimpa mteja wake euro 25 kwa kila mteja mpya aliyemleta. Waliwafuatilia wateja karibu 10,000 kwa takriban miaka mitatu. Walioletwa na wenzao waliiletea benki faida iliyozidi ya wateja wengine wanaofanana nao kwa angalau asilimia 16, na walidumu zaidi. Lakini tuangalie nani alipewa zile euro: mtu aliyekwisha kuitumia benki hiyo yeye mwenyewe. Zamu na komisioneri wetu hawajawahi kufungiwa robine na fundi wanayemsifu.

Kwa hiyo zawadi iende kwa mteja wa zamani, na ingoje maji. Mwezi mmoja unatosha: zamu kadhaa za maji zitakuwa zimepita na msukumo wa usiku utakuwa umefanya kazi yake. Tena si lazima iwe pesa. Fundi akibadilisha mpira wa robine na kurekebisha boya la tangi la choo, anatumia nusu saa na kifaa cha bei ndogo. Kwa mama mwenye nyumba, hiyo ni safari nzima ya fundi asiyoilipia. Mazungumzo yenyewe huwa mafupi.

"Papa fundi, robine ya jikoni inavuja tena kidogo."

"Nitapita kesho asubuhi, mama. Yule uliyenituma kwake Nguba, maji yameshika vizuri. Nitakufanyia na ile ya choo, bila kitu."

Hesabu inamsaidia fundi pia. Tuseme ufundi ni dola 40 na kamisheni ya siku ya kwanza ni 4. Kiungo kikivuja, atalipa pikipiki ya kwenda na kurudi, atanunua vifaa vingine, atapoteza nusu siku, na zile 4 hazirudi. Zawadi ikisubiri, aliyempendekeza mwenyewe atampigia jirani kuuliza kama maji yameshika, na fundi atakuwa amepata mkaguzi asiyemlipa mshahara.

Sheria nayo haiko mbali na jambo hili. Kongo (RDC) iliingia OHADA, jumuiya ya nchi za Afrika zenye sheria moja ya biashara, mwaka 2012, na sheria hiyo ya pamoja inamtaka mpatanishi wa biashara abaki huru kwa pande zote mbili na awape habari zinazowafaa. Komisioneri anayekula upande wa fundi huku akijifanya mshauri wa mteja yuko nje ya sheria hiyo. Mteja ana haki ya kuuliza, na fundi mwenye heshima ataandika kamisheni kwenye fakitura kama mstari wa peke yake.

Tangu waasi wa M23 walipoingia mjini Februari 2025 na benki zikafunga milango, noti zimekuwa adimu na ile iliyochanika kidogo inakataliwa. Zawadi ya kazi haihitaji noti. Anayetaka kulipa pesa anaweza kutuma kwa Airtel Money au M-Pesa, na ujumbe unaobaki kwenye simu utaonyesha nani alilipwa lini.

Wanaonipa wasiwasi zaidi ni vijana. Anayemaliza mafunzo kwenye INPP, taasisi ya mafunzo ya kazi, anajua kuunga tiyo, lakini hana mama hata mmoja wa kumtaja, na mfumo unaotegemea majina unamfungia mlango, hasa kama familia yake imehamia mjini kwa kukimbia vita. Njia inayofanya kazi ni kuingia chini ya fundi mkubwa mwenye wateja, ambaye anampa vikazi vidogo na kusimama nyuma yake kiungo kikivuja. Mkubwa huchukua sehemu ya malipo, na ni haki yake, kwa kuwa yeye ndiye anayepigiwa simu alfajiri. Mapatano ya lini kijana ataanza kupokea wateja kwa jina lake mwenyewe ndiyo yanayokosekana mara nyingi, na yanapaswa kusemwa mbele ya mzazi au mwalimu kabla kijana hajabeba mfuko wa vifaa.